Mchuzi wa nyama wa Kitaliano unanitoka chachu na nyama inakuwa chengachenga, nakosea wapi?

MamaNeema_Mwanga | Jumatano, saa 3:40 usiku

Habari za jioni wapishi, na wakubwa wote shikamooni.

Niko Kigoma mjini, Mwanga. Nina mgahawa mdogo wa meza tano. Asubuhi nauza chai, chapati na supu, mchana ugali, wali, maharage na migebuka ya kukaanga. Biashara inakwenda, namshukuru Mungu.

Kinachonisumbua ni hiki. Wageni wanaokwenda Gombe na Mahale hulala hapa mjini wakisubiri boti, na wengine huja kula kwangu. Mwezi uliopita walikuja wanne, mmoja akaniuliza kama naweza kuwapikia tambi ndefu kwa ule mchuzi wa Kitaliano wa nyama ya kusaga. Nikakubali bila wasiwasi, maana nyama ya kusaga naipika nyumbani tangu nimeolewa. Wakala, wakashukuru, wakalipa. Nilipokwenda kutoa sahani nikakuta tambi zimeliwa na nyama imesogezwa pembeni, sahani zote nne. Usiku ule sikupata usingizi mzuri. Mtu akisogeza chakula changu pembeni nataka kujua sababu.

Tangu siku hiyo nimerudia mara tatu, nikipikia watoto wangu. Ninavyofanya: nanunua nyama nusu kilo, steki tupu isiyo na mafuta hata kidogo, bucha wananisagia palepale, mara mbili ili ilainike. Nakaanga vitunguu maji viwili, saumu, karoti na hoho. Natia nyama yote kwa pamoja, ikitoa maji nafunika iivie humo. Halafu natia nyanya kilo moja nilizosaga, na nyanya ya kopo vijiko vitatu. Nachemsha dakika arobaini hivi, moto wa kati.

Matokeo ni yaleyale. Nyama inakuwa chenga ngumu, ukitafuna kama mchanga ule mkubwa wa ufukweni Kibirizi. Mchuzi ni chachu. Nikiumwaga juu ya tambi, maji mekundu yanashuka chini ya sahani, nyama inabaki juu peke yake kama haijuani na mchuzi. Mara ya pili nilitia sukari kuua uchachu, ikawa chachu na tamu kwa wakati mmoja. Mara ya tatu nikaiacha saa nzima na nusu kwa moto uleule, ikashika chini na kunuka kuungua.

Natumia jiko la mkaa na sufuria za kawaida za alumini. Kuna wageni wengine wamenipigia simu, watakuja Jumanne ijayo. Naomba mnielekeze, nina siku chache.

---

kaka_wa_Kasulu | Jumatano, saa 4:05 usiku

Dada pole. Mimi naona usihangaike. Tia mchuzi mix pakiti moja, hoho ziwe nyingi, na badala ya mafuta ya kawaida tia mawese kidogo. Mgeni akija Kigoma ale kitu cha Kigoma. Nyama ikiwa ngumu ongeza maji uchemshe tena.

---

Mzee_wa_Isevya | Alhamisi, saa 12:20 asubuhi

Marahaba mama. Nimesoma maelezo yako mara mbili kabla ya kujibu, kwa sababu mchuzi huu umenilisha miaka kumi na moja. Nilikuwa jikoni katika hoteli ya Wataliano, pwani ya mashariki ya Unguja, na mama aliyekuwa mkuu wa jiko alizaliwa Bologna, mji wenye mchuzi wake. Wao wanauita ragù. Sasa nimerudi kwetu Tabora, napikia jiko la mkaa kama wewe, na haya ninayokueleza nimeyafanya kwa mkaa.

Nianze na nyanya, maana ndipo uchachu ulipo. Wewe unapika mchuzi wa nyanya ukatia nyama. Bologna wanapika nyama kwa muda mrefu mpaka nyama yenyewe itoe mchuzi, nyanya inaingia kidogo kama msindikizaji. Kuna chama chao cha kutunza mapishi, Accademia Italiana della Cucina. Mwaka 1982 walipeleka mapishi haya kwenye Chemba ya Biashara ya Bologna yakaandikishwa rasmi, na mwaka 2023 wakayapitia upya. Hayo ya 2023 yanataka nyama ya ng'ombe gramu 400, pancetta gramu 150, kitunguu, karoti na seleri gramu 60 kila kimoja, nyanya iliyopondwa na kuchujwa gramu 200, na kijiko kimoja cha nyanya nzito ya kopo. Basi. Gramu 200 ni nyanya mbili au tatu za sokoni. Wewe kwa nusu kilo ya nyama umetia kilo nzima, mara nne ya kipimo chao, na juu yake vijiko vitatu vya kopo. Hapo sukari haisaidii. Hoho na saumu pia havimo, viache kwa mapishi mengine.

Pancetta ni nyama ya tumbo la nguruwe iliyotiwa chumvi na kukaushwa. Kazi yake ni mafuta na ladha. Kama huipati au huitumii, lazima mafuta yatoke mahali pengine, na hili linanileta kwenye nyama yako.

Umechagua steki ukidhani ndiyo bora. Kwa mishikaki ni bora. Kwa mchuzi wa saa tatu ni nyama mbaya kuliko zote, haina kitu cha kuyeyuka. Mapishi ya 1982 yalitaka ile nyama nyembamba ya kiwambo, inayotenganisha mapafu na tumbo, ambayo mabucha yetu wanaichanganya tu kwenye mafungu ya bei ya chini. Mwombe muuza nyama akutafutie hiyo, au shingo, au kifua. Utaona ina utando mweupe na nyuzi nyuzi, usizikate ukazitupa. Kwa moto mdogo, kuanzia nyuzi joto 70 hivi, ule utando huanza kuyeyuka taratibu na kuwa kitu cha utelezi. Unakijua, ni kilekile kinachofanya supu ya kongoro igande ikipoa. Hicho ndicho kinachoshika nyama na mchuzi viwe kitu kimoja, na ndicho kinachokosekana kwenye sahani yako maji yanaposhuka chini.

Dakika arobaini ndiyo saa mbaya kabisa ya kuepua mchuzi. Nyuzi za nyama zimeshajikaza na kukamua maji yake, na ule utando bado haujayeyuka. Umeiepua nyama katikati ya safari, ikiwa kwenye ugumu wake wote. Na moto mkali unaikamua zaidi, ndiyo maana saa moja na nusu haikukusaidia.

Isagwe mara moja tu, kwa sahani yenye matundu makubwa. Kama bucha hawana, nunua kipande ukikate mwenyewe kwa kisu kikali, vipande vya ukubwa wa punje ya mahindi. Mimi nakata kwa kisu siku zote.

Sasa kukaanga. Hapa naomba unisome polepole.

Kwanza mboga tatu: kitunguu, karoti, seleri, zote zimekatwa ndogo sana. Seleri Kigoma sijui kama utaipata kirahisi, ukiikosa ongeza karoti kidogo uendelee. Zikaange kwa mafuta na moto mdogo, dakika kumi mpaka kumi na tano, zisiwe kahawia. Utajua ziko tayari mafuta yakishageuka rangi ya chungwa kwa sababu ya karoti, na kitunguu kimekuwa kama kioo. Zitoe pembeni.

Chochea moto sasa. Tia nyama, lakini nusu kwanza, usijaze chombo. Ukijaza, nyama inatoa maji na kuanza kuchemka ndani ya maji yake, na wewe ukafunika juu, kwa hiyo uliichemsha. Usifunike. Iache. Itatoa maji ya kijivu, itasikika ikichemka, shshsh nzito yenye maji. Usiikoroge ovyo. Maji yatakauka, halafu sauti itabadilika, itaanza kupasuka pasuka kwa ukali kama mafuta ya maandazi yanapopata tone la maji. Yule mama wa Bologna alikuwa hatazami chombo wakati huo, anageuka upande wa sikio. Sauti ikibadilika ndipo nyama inaanza kukaangika. Ngoja mpaka chini ya chombo pashike utando wa kahawia, rangi ya maganda ya karanga zilizokaangwa. Ukiwa mweusi umechelewa, ladha yake ni chungu na hautoki tena mchuzini. Kahawia ndiyo ladha yote ya mchuzi huu.

Hapo wao wanatia glasi ya mvinyo, mweupe au mwekundu, hata wa Dodoma unafaa, na kwa mwiko wa mti wanakwangua ule utando wa chini mpaka uyeyuke wote. Usipotumia mvinyo, supu ya mifupa ya moto inakwangua vilevile. Rudisha mboga, tia nyanya yako kidogo, chumvi na pilipili manga, na supu kidogo, ifike tu usawa wa nyama.

Moto. Ukishamaliza kukaanga, toa makaa jikoni. Bakiza matatu au manne, yafukie kwa majivu yake yenyewe, ziba kidirisha cha chini ubakize ufa. Mkaa wetu wa miyombo unakaa sana ukifukiwa hivyo. Kisha tazama uso wa mchuzi. Kiputo kimoja kipasuke hapa, uhesabu moja, mbili, halafu kingine kule. Kazini nilikuwa na mwenzangu mtu wa Napoli, na kwao kuna neno kabisa la hali hiyo, pippiare, linaiga sauti ya mchuzi unaosema pip, pip chini ya kifuniko. Sisi tunasema kutokota, lakini maharage yakitokota yanarusha mfuniko, huu haurushi kitu. Ukiona vimeruka vitano kwa pamoja, ondoa kaa moja.

Saa mbili kwa uchache, tatu ni vizuri zaidi, na kwa ng'ombe wetu wa kienyeji aliyetembea sana malishoni mimi naenda tatu na nusu. Kila unapoona umekauka, ongeza kijiko kikubwa cha supu ya moto, si maji baridi. Katikati ya muda tia glasi ya maziwa halisi, kidogo kidogo. Mapishi ya 2023 yanasema maziwa ni hiari, lakini kwa mtu anayelalamikia uchachu kama wewe nakushauri uyatie. Yanalainisha ukali wa nyanya kuliko sukari.

Sufuria nyembamba ya alumini inachoma chini. Nunua chungu cha udongo. Hata huko Bologna chungu cha udongo ni chombo cha siku nyingi cha mchuzi huu, kinatunza joto na kulitoa taratibu. Lakini usikitie kwenye moto mkali kikiwa kikavu, kitapasuka. Kaangia kwenye sufuria nzito au karai, hamishia chunguni.

Kaka wa Kasulu, mawese nayapenda na nyumbani hayakosekani, lakini hapa yatameza kila kitu, rangi na harufu. Mawese yabaki na dagaa na mgebuka. Kwa huu tumia mafuta ya alizeti.

---

BintiUjiji | Alhamisi, saa 7:15 mchana

Assalaam alaykum. Mzee wetu ahsante kwa maelezo. Mimi nampikia mume wangu na wakwe zangu hapa Ujiji, nguruwe na mvinyo haviingii jikoni mwetu, na mchuzi huu naupika takriban kila mwezi. Mama Neema, ukitaka kuwauzia watu wote wa mji huu fanya kama mimi.

Badala ya hiyo nyama ya nguruwe chukua nundu. Nusu kilo ya nyama, nundu robo. Ikatekate ndogo sana, itangulie chomboni peke yake kwa moto mdogo, iyeyuke mpaka vibaki vipande vidogo vya dhahabu. Hapo huhitaji mafuta mengine. Chumvi iende mapema kwenye hiyo nundu, maana ile nyama yao imeshatiwa chumvi na hii haijatiwa.

Supu nachemsha mifupa ya mguu tangu asubuhi, pamoja na kitunguu kizima na karoti. Badala ya mvinyo natia ukwaju, kijiko kimoja cha maji yake mazito, nikikwangua chini. Na kijiti cha mdalasini, kinatoka baada ya saa moja.

Wakwe zangu wanaulia mkate wa kumimina. Wanasema ni kama nyama ya sambusa iliyopata heshima.

---

Mzee_wa_Isevya | Alhamisi, saa 1:50 jioni

Wa alaykum salaam binti yangu. Kwenye nundu umesema jambo zuri kuliko langu, mimi nilikuwa natumia mafuta ya figo. Nundu ina mafuta na nyama ndani yake, ni karibu zaidi na kile wanachotaka. Nitajaribu.

Ukwaju ninaupinga kwa Mama Neema, si kwako. Mvinyo ukichemka ukali wa kilevi unapungua, lakini ukwaju ni mchachu zaidi na uchachu wake haupungui. Yeye tayari ana shida ya uchachu, asiongeze kichachu kingine mpaka mkono wake uzoee nyanya kidogo. Supu ya mifupa inatosha. Mdalasini pia auache kwa mara ya kwanza, ili akionja ajue nyama peke yake ina ladha gani.

Mama Neema, jambo moja nililisahau asubuhi. Bologna mchuzi huu hauliwi na zile tambi ndefu za mviringo, zinateleza na kuacha nyama nyuma. Wao wanatumia tagliatelle, tambi bapa za unga na mayai. Upana wake nao umeandikishwa kwenye Chemba ileile, mwaka 1972: milimita 8 zikishaiva. Wana hadi mfano wa dhahabu wameuhifadhi. Na wewe unauza chapati, kwa hiyo kibao na kifimbo cha kusukumia unavyo. Unga wa ngano gramu 100 kwa yai moja, bila maji, bila mafuta. Ukande dakika kumi mpaka uwe laini kama ndewe la sikio, uufunike nusu saa, usukume mwembamba mpaka uone mistari ya kibao kwa chini. Nyunyiza unga, ukunje kama mkeka, ukate. Kwenye maji ya chumvi yanayochemka sana zinaiva dakika mbili au tatu. Zitoe zikiwa bado na maji kidogo, uzigeuze ndani ya mchuzi, usiumwage juu yake.

---

MamaNeema_Mwanga | Jumapili, saa 2:30 usiku

Mzee wangu shikamoo, dada wa Ujiji wa alaykum salaam. Nimepika jana. Naandika yote ili mnisahihishe kabla ya Jumanne.

Ijumaa nilikwenda bucha nikaomba shingo na nundu. Muuza nyama alidhani natania, amezoea kunipa steki. Shingo nusu kilo, nundu robo. Nikakata mwenyewe kwa kisu, imenichukua karibu saa nzima, kwa sababu kisu changu hakikuwa na makali na nundu inateleza. Mara ya pili nitaiweka kwanza kwenye friji ikaze. Chungu nimenunua sokoni, nikakiloweka usiku kucha na asubuhi nikachemshia uji. Seleri nimeikosa.

Nimeanza saa saba mchana. Nundu ikayeyuka, vikabaki vipande vya dhahabu kweli, mwanangu Neema akala vitatu kabla sijamwona. Mboga zikafika ile rangi ya chungwa. Nyama nikatia nusu kwanza.

Mzee, ile sauti nimeisikia. Nilikuwa nimesimama na mwiko, maji ya kijivu yamejaa, mkono unaniwasha kutaka kufunika kama nilivyozoea. Nikajizuia. Ikachemka, ikachemka, halafu ghafla kama mtu amebadilisha stesheni ya redio, ikaanza kupasuka. Nikaiacha. Nilipoisogeza nikaona chini pamekuwa kahawia, na harufu ikatoka ambayo haijawahi kutoka kwenye nyama yangu ya kusaga maisha yangu yote. Harufu ya nyama ya kuchoma, ndani ya sufuria. Jirani yangu anayeuza vitenge akaja kuuliza nachoma nini.

Nikakwangua kwa supu ya mifupa, nikahamishia chunguni, nyanya tatu tu zilizomenywa na kupondwa, nikaona ni kidogo mno, moyo unauma, lakini sikuongeza. Moto umenisumbua. Makaa manne yalikuwa mengi, nikabakiza mawili makubwa na majivu, na baada ya kila saa nikaongeza moja dogo. Neema nilimkalisha kwenye kigoda kuhesabu viputo, akawa ananiita kila vikizidi. Saa tisa kasoro robo nikatia maziwa, kikombe kimoja cha chai nikikigawa mara nne. Mwanzo yalijitenga kama yamekatika, nikaogopa, baada ya nusu saa yakapotea yote.

Saa kumi na moja jioni nikaonja. Nyama haina chenga. Ukiibana kwa ulimi inaachia. Rangi yake si nyekundu tena, ni kama ya matofali ya kuchoma, na mafuta yamekaa pembeni kidogo, ya rangi ya dhahabu. Nikachota kwa kijiko nikakigeuza, ukakaa, haukudondoka.

Tambi nimesukuma na kukata upana wa penseli ya mtoto wa shule. Mkupuo wa kwanza umeganda wote ukawa donge moja, sikunyunyiza unga wa kutosha. Wa pili umekubali. Nikazigeuza ndani ya mchuzi kama ulivyosema, na hakuna maji yaliyoshuka chini ya sahani. Niliinamisha sahani kuangalia.

Nimewaonjesha mafundi wawili wa reli wanaokula kwangu kila jioni. Mmoja alimaliza tambi, akaomba chapati afutie sahani. Mwenzake akaomba chapati na mchuzi bila tambi. Leo asubuhi wamerudi kuulizia. Kwa hiyo nafikiri nitaupika kila Jumamosi na kuuza na chapati, hata kama hakuna mgeni.

Maswali mawili yamebaki. Kuna uchachu mdogo sana kwa mbali, sijui ndivyo unavyotakiwa. Na Jumanne wageni watafika saa sita mchana, siwezi kuanza alfajiri na huku nina chai na supu za watu. Naweza kupika Jumatatu ukalala? Umeme hapa kwangu unakatika.

---

BintiUjiji | Jumapili, saa 3:05 usiku

Mashallah. Chapati na mchuzi huo weka kwenye ubao wa bei kesho hiyohiyo, usingoje Jumamosi. Nikivuka kuja Mwanga wiki hii nitapita kuonja.

---

Mzee_wa_Isevya | Jumatatu, saa 11:45 alfajiri

Marahaba. Nimefurahi sana mama, nimemsomea mke wangu pale kwenye sauti.

Uchachu mdogo wa mbali ndio unaotakiwa. Usipokuwepo kabisa, mafuta ya nundu yatamkinai mtu kabla ya kumaliza sahani.

Kulala, huu mchuzi unapenda kulala, siku ya pili ni mtamu zaidi. Lakini joto la Kigoma usilichezee. Ukiepua usiuache chunguni, chungu kinatunza joto usiku mzima na hapo ndipo nyama inapoharibika bila kunuka. Umimine kwenye sufuria pana, ukae ndani ya beseni la maji baridi, ukoroge, ubadilishe maji mara mbili mpaka upoe. Ndani ya saa mbili uwe umeingia kwenye friji. Ukishaingia usifungue fungue mlango, umeme ukikatika kwa saa tatu au nne friji iliyofungwa inahimili. Ukikatika usiku kucha, uumwage, hata kama roho inauma. Wageni wanakwenda kupanda boti la saa nyingi, huwezi kuwapa wasiwasi wa tumbo.

Kama huna imani na umeme wa kwako, basi Jumatatu kata nyama tu, chemsha mifupa, sukuma na ukaushe tambi juu ya kanga safi. Nyama na supu navyo vilale frijini, na sharti la umeme ni lilelile. Jumanne anza saa kumi na moja alfajiri na moto uleule wa supu. Ukishahamia chunguni hauhitaji mtu, unahitaji jicho kila baada ya dakika kumi na tano. Mpe Neema kigoda chake mpaka saa ya shule.

Lakini ukiupika Jumatatu ukalala, Jumanne ukiwasha moto kuupasha tia kijiko kimoja cha supu kwanza, utakuwa umeganda kama kongoro. Usishtuke, ndivyo ulivyopaswa kuwa.

---

MamaNeema_Mwanga | Jumatatu, saa 12:10 asubuhi

Nitakata nyama leo, nipike kesho alfajiri. Shingo nimeshaagiza kilo moja, na kisu nimekipeleka kunolewa. Kesho jioni nikishatoa sahani nitaandika hapa zimerudi vipi.